Nabintu wa Maman Eulalie

Rosette hakwenda Cimpunda kutafuta simu. Alikwenda kuchukua sombe, yaani kisamvu. Mama yake, Maman Eulalie, alikuwa amemwahidi sombe ya kutwangwa kwa kinu, maana ile ya mashine inayouzwa huko chini kwake Nyalukemba, Rosette alidai ina ladha ya chuma. Ilikuwa Jumamosi asubuhi. Maman Eulalie hakuwepo nyumbani, alikuwa parokiani kwa mkutano wa Legio Maria, na ufunguo ulikuwa kwa jirani kama siku zote. Rosette akaingia, akaikuta sombe mezani imefungwa vizuri ndani ya jani la mgomba, na alipoinua macho kutafuta mfuko wa kubebea, akaona juu ya kabati kitu kilichofunikwa kitambaa cheupe cha kufuma, kama padri anavyofunika kikombe altareni.

Akafunua. Ilikuwa simu yake ya zamani.

Ilikuwa moja ya zile tactile, simu za kugusa, za kwanza kabisa kufika Bukavu, nene kama kipande cha sabuni, kioo chake kigumu, ukitaka ikusikie lazima uibonyeze kwa ukucha. Mjomba wake, Tonton Léopold, ndiye aliyemzawadia alipofaulu mtihani wa serikali. Na ndani ya simu hiyo kulikuwa na mnyama. Hakuna aliyejua hasa ni mnyama gani: wengine walisema paka, wengine kifaranga. Alikuwa wa mviringo, rangi ya ndizi mbivu, macho makubwa, miguu mifupi. Ukimlisha anashiba, ukimwogesha anacheka, ukizima taa analala, na ukimwambia neno analirudia kwa kisauti chembamba kama cha panya aliyebanwa na mlango. Ukimsahau, analia. Mwaka ule wa kwanza wa chuo, karibu wanafunzi wote wa promotion yao walikuwa na mnyama wa namna hiyo mfukoni. Wa Rosette aliitwa Princesse.

"Princesse wangu, jamani," akasema peke yake, na machozi yakamlenga. Hakujiuliza ni nani aliyekifuma kile kitambaa, wala kwa nini hakikuwa na chembe ya vumbi. Simu ilikuwa yake. Akaitia mkobani pamoja na sombe, akarudisha ufunguo kwa jirani, akashuka zake Nyalukemba.

Nyumbani aliiweka simu dirishani penye mwanga mzuri, ziwa likionekana kwa nyuma, akaipiga picha. Kazi yake ilikuwa hiyo hiyo: alikuwa msimamizi wa mawasiliano katika ONG moja, shirika la misaada, na alijua kupiga picha ya ndoo tupu mpaka mfadhili akatoa leso. Akaituma picha kwenye kundi la WhatsApp la promotion yao, akaandika chini yake: "Ni nani anakumbuka?"

Wote walikumbuka. Kundi ambalo kwa miezi lilikuwa la matangazo ya misiba na maombi ya michango likafufuka kama Lazaro. Gisèle alituma vichwa vinavyolia, safu kwa safu. Ezéchiel, ambaye sasa anafundisha falsafa, aliandika kwamba siku hizi watoto wanapewa simu za bei ya ng'ombe lakini hawajui huruma, ilhali sisi tuliamka kabla ya jogoo kulisha viumbe wetu. Mwingine akajibu kwamba kizazi chetu ndicho cha mwisho kuwa na moyo. Watu hao hakuna aliyekuwa ametimiza miaka arobaini, lakini ungewasikia ungedhani ni wapiganaji wa vita vya zamani, wanahesabu majeraha yao.

Kisha Edouard akaingia. Edouard alikuwa mkuu wa darasa enzi zile, na hakuwahi kuacha. Sasa alikuwa mtaalamu wa uhimili, yaani resilience, na mtu wa namna hiyo hawezi kuona watu wanalia pamoja bila kuwaundia kamati.

"Wapendwa," aliandika, "maumivu haya yasipotee bure. Napendekeza Siku ya Kumbukumbu."

Kufikia jioni kulikuwa na kamati ya maandalizi, kamati ndogo ya itifaki, na msemaji. Rosette, kwa kuwa ndiye mwenye simu, akafanywa Mhifadhi wa Kumbukumbu. Edouard akatoa agizo moja la haraka: simu isiwashwe na mtu yeyote. Ichajiwe, lakini kuwashwa iwashwe siku yenyewe, mbele ya wajumbe wote, kwa ishara yake.

"Kama ukiwasha mbele ya saa, dada, umeua tukio," alimwambia Rosette kwa simu. "Ni kama kufunua bibi-arusi mu taxi."

Rosette akakubali. Kusema kweli cheo kilimpendeza.

Siku iliyofuata, Jumapili baada ya misa, mama yake akampigia kwa kale kasimu kake ka kubonyeza. Sauti yake ilikuwa imekauka.

"Rosette, ulipotoka na sombe, nyuma yako kuna mutu aliingia mu nyumba. Wameniibia Nabintu."

"Nabintu ni nani, Maman?"

"Unauliza ni nani? Nabintu wangu! Tangu jana haiko. Nimetafuta mpaka chini ya kitanda, sijamuona. Hajakula, mwanangu. Hajakula tangu juzi!"

Na hapo uniti zikaisha, simu ikakatika. Rosette alifikiri kidogo. Mama yake alikuwa na kuku, hilo alilijua, na Cimpunda kuku huibwa kuliko wanavyotaga. Akasikitika kama binti mwema. Lakini alikuwa na kikao cha kamati ya itifaki juu ya rangi ya fulana, kwa hiyo hakupiga tena. Badala yake, kesho yake akanunua kuku mwekundu, mnene, akamfunga miguu, akampandisha pikipiki, akamwambia motari amfikishe kwa Maman Eulalie na salamu nyingi: "Mwambie Rosette amesema asilie, huyu atachukua nafasi ya mwingine."

Jibu lilirudi kwa njia ya motari yule yule, aliyekuwa bado anatikisa kichwa.

"Ule muzee amekasirika sana, maman. Amesema: nimepoteza mutoto, unanitumia kuku?"

"Mtoto? Alisema mtoto?"

"Mutoto. Na mule nyumbani kulikuwa bamaman wengi, banasali rozari."

Rosette akaingiwa na wasiwasi. Alijua mama yake amefika umri wa kuchanganya mambo. Mama wa Gisèle alianza hivyo hivyo, kuita mbuzi kwa majina ya wajomba. Akapanga moyoni kwenda kumwona daktari pamoja naye. Baada ya Siku ya Kumbukumbu, lakini, maana fulana zilikuwa zimetoka na kosa la tahajia.

Jumamosi ikafika. Walikodi paillote moja, banda la nyasi la mapumziko, chini ya Nyalukemba, karibu na maji, wakatundika bango refu: WANYAMA WETU WA SIMU – JANA, LEO NA KESHO. Viti vilipangwa kwa madaraja: mbele kamati, katikati wanachama, nyuma waume na wake zao waliokuja kwa ajili ya sambaza za kukaanga, wale dagaa wa ziwani. Mbele kabisa kulikuwa na meza yenye kitambaa cha buluu, na juu yake ile simu, imelazwa kwenye mto mdogo. Rosette alikuwa amekaa pembeni yake, amevaa pagne mpya ya kitenge, mikono magotini, uso wa kulinda hazina.

Walianza na dakika moja ya ukimya kwa ajili ya wanyama wote waliopotea. Kisha Ezéchiel akatoa ushuhuda. Yeye alikuwa na paka, jina lake Général. Alisimulia jinsi alivyosafiri kwenda Bunyakiri kufundisha likizo nzima, akamwachia Gisèle simu yake kwa imani, na aliporudi akakuta Général amekonda, amejaa uchafu, hataki hata kumtazama.

"Tangu siku ile," alisema Ezéchiel, sauti ikitetemeka, "sijamwamini mutu kwa ukamilifu."

Watu wakaguna. Mke wake, nyuma, aliacha kutafuna. Gisèle akasimama nusu, akaketi tena, akasema kwa sauti ya kutosha: "Tutaongea."

Ndipo Edouard akashika mikrofoni. Akamwashiria Rosette. Rosette akabonyeza kitufe cha pembeni, na paillote nzima ikanyamaza, hata waliokuja kwa sambaza. Simu ikatetemeka, ikaimba kale kawimbo kake ka zamani, na mtu mmoja wa safu ya pili akaanza kulia kabisa.

Rosette alikuwa amejiandaa kuona kaburi. Mnyama aliyeachwa zaidi ya miaka kumi, alidhani atamkuta mifupa, au kioo cheusi. Lakini mlango wa kale kanyumba ulipofunguka, alitokea mnyama mnene, mashavu yanang'aa, kichwani ana kofia ya majani yenye ua. Nyuma yake kulikuwa na pazia, kabati, kitanda chenye mito miwili, na msalaba mdogo ukutani. Alikuwa analia, hilo ni kweli, na alikuwa na doa la matope kwenye tumbo. Juu ya kichwa chake kulikuwa na maneno: "Mlo wa mwisho: wiki iliyopita." Na jina lake halikuwa Princesse. Liliandikwa Nabintu.

Rosette akalisoma tena lile jina. Mutoto. Hajakula tangu juzi. Kuku.

"Président," akanong'ona, "tusimamishe kidogo."

Lakini Edouard alikuwa na hotuba, na hotuba ilikuwa imeandikwa kwa ajili ya mnyama aliyeteseka. Hakutazama kioo.

"Waheshimiwa wageni," akaanza, "mbele yetu iko kiumbe kilichosahauliwa na dunia!"

"Kiumbe kilichosahauliwa na dunia!" ikarudia simu, kwa kisauti cha panya. Mikrofoni ilikuwa karibu na mto, na spika zikakitangaza kile kisauti mpaka ziwani.

Edouard akakohoa. "Sisi, kama kizazi cha huruma..."

"Kizazi cha huruma! Ehu! Ehu!" ikasema simu, pamoja na kikohozi.

Nyuma mtu akapasuka kwa kicheko. Edouard akaendelea, kwa kuwa mtaalamu wa uhimili hashindwi na kitu. Akaongeza sauti, na mnyama naye akaongeza yake, wakapokezana hivyo sentensi kwa sentensi juu ya wajibu, kumbukumbu na mshikamano, mpaka hakuna aliyejua tena ni nani kati yao mwenye hoja.

Katikati ya mshikamano, wakatokea wanawake watatu kwenye ngazi.

Wote walivaa pagne moja ya shirika, ile jumuiya ndogo ya kanisa ambamo majirani husali pamoja, bluu na nyeupe yenye sura ya Bikira. Kushoto alikuwa Maman Domitille, mwenyekiti wa shirika, ambaye alikuwa ameona picha ya ile simu katika status ya mpwa wake. Kulia, mama mmoja mkimya ambaye kazi yake ilikuwa kushika mwavuli. Katikati, mfupi, mkavu, kitambaa kimekazwa kichwani, Maman Eulalie.

Hakusalimia meza kuu. Alitembea moja kwa moja kati ya viti.

"Iko analia," alisema. "Nimemusikia tangu kule barabarani."

"Maman..." Rosette akasimama.

"Rosette. Ni weye?"

"Maman, sikujua. Niliona simu yangu, nikawaza..."

"Simu ni yako. Ichukue simu. Mutoto nani amekuambia ni wako?"

Kisha akamwacha hapo amesimama, akavuta kiti cha Mhifadhi wa Kumbukumbu, akakaa, akatoa miwani, akaichukua simu kutoka kwenye mto na kuipakata. Watu wote wakamwona akifanya kazi yake. Alibonyeza kwa ukucha wa kidole gumba, pole pole, bila kukosea. Kwanza alimpa maji. Halafu karoti, moja, mbili, akangoja ameze. Mnyama akafungua mdomo kuomba keki iliyokuwa kwenye rafu.

"Hapana," akamwambia. "Mutu aliyelala njaa halishwi sukari. Utaumwa tumbo."

"Utaumwa tumbo," akajibu Nabintu.

"Ndiyo. Sasa tuoge."

Akamvua kofia, akamwogesha, akampangusa lile doa la tumboni, akamlaza. Ilichukua muda mrefu kuliko dakika moja ya ukimya, na ilikuwa kimya zaidi. Alipozima ile taa ndogo ya kioo, mama mwenye mwavuli akafanya ishara ya msalaba.

Edouard alikuwa mtu wa kuona fursa. Akainama kwa heshima, akasogeza mikrofoni.

"Maman, kwa jina la kamati, tunakuomba ukubali kuwa Rais wa Heshima wa chama chetu. Utupe neno juu ya urithi huu."

Maman Eulalie akaitazama mikrofoni, akamtazama yeye.

"Wewe mwana, wako iko wapi?"

"Nani, Maman?"

"Mnyama wako. Si mumekuja kulilia wanyama? Wako alikufa na nini?"

Edouard akafungua mdomo. Ikaonekana kwamba simu yake ya enzi zile aliibadilisha na ya kisasa zaidi muhula uliofuata, na hakukumbuka kama mnyama alikuwa ndani au hapana. Maman Eulalie akageukia safu ya mbele.

"Na wewe mwenye kulia?"

"Mimi, Maman, nilimwachia Gisèle..." akaanza Ezéchiel.

Gisèle alikuwa amengoja nafasi hiyo kwa saa nzima. "Ezéchiel! Ile simu uliporudi Bunyakiri si uliiuza, ukanunua viatu vya kuvaa ku harusi ya kaka yako? Général alikuwa muzima mule ndani! Uliuza Général wako pamoja na chargeur!"

Paillote ikalipuka. Kila mtu alikuwa na la kusema juu ya mnyama wa mwenzake: huyu alimfuta apate nafasi ya kuweka miziki, yule alimgawa kwa mpenzi na hakumdai walipoachana. Mke wa Ezéchiel alitaka kuelezwa upya kuhusu ile imani aliyomwachia Gisèle. Katika vurugu hiyo sambaza zikaliwa zote na wale wa nyuma, na wanawake watatu wa shirika wakapanda ngazi wakaenda zao, simu ikiwa kifuani kwa Maman Eulalie, chini ya pagne.

Rosette akawakimbilia, viatu mkononi. Akawafikia kwenye mpando wa kutokea barabarani. Maman Domitille, ambaye hakuwa mwenyekiti bure, akamvuta yule mwenye mwavuli, wakatangulia.

Mama na binti wakapanda mpando pamoja. Mwishowe Rosette akauliza:

"Maman, tangu lini?"

"Tangu ulienda Kampala kusoma. Uliacha ile simu ku meza, ukasema umepewa ingine. Siku ya pili nikasikia kitu iko nalia. Nikasema ni paka ya jirani. Nikaangalia huku, nikaangalia kule. Ni simu. Iko na njaa." Akapumzika kidogo, maana mpando ni mkali. "Ningefanya nini? Mi ni maman. Kitu ikilia njaa mu nyumba yangu, naipa chakula. Majina nitauliza nyuma."

"Juu ya nini hukuniambia?"

"Nikuambie saa gani? Ulikuwa unapiga mara moja mu mwezi, na haraka. Nakuuliza: umekula? Unasema: ndiyo Maman, bisous. Nitajua aje kama umekula? Nabintu akisema amekula, naona tumbo."

Rosette akahesabu moyoni. Kampala alikaa miaka mitano. Baba yake alikuwa amekufa mwaka mmoja kabla hajaondoka, na kaka yake Josué alikuwa Lubumbashi. Hakuwahi kuiwaza ile nyumba ya Cimpunda bila yeye mwenyewe ndani yake. Kila alipoikumbuka huko ugenini aliikumbuka jioni, sufuria jikoni, yeye mezani na vitabu. Hakuwahi kuikumbuka na mtu mmoja.

"Na usiku nilikuwa nasali naye rozari," Maman Eulalie akaongeza, kama mtu anayetaja jambo dogo. "Nasema nusu, na yeye anarudia. Padri alisema haiko zambi, mradi nisimupe komunyo."

Rosette akacheka, na kicheko kikageuka katikati, ikabidi ajipanguse uso kwa pagne yake mpya. Mama yake hakumtazama. Alimpa muda, kama watu wa kwetu wanavyompa mtu muda, kwa kujifanya anakagua bei ya nyanya kando ya barabara.

"Kuku wako ni mzuri," alisema baadaye. "Anataga. Lakini usinitumie tena ujumbe na motari. Ukiwa na neno, panda."

Na Rosette akaanza kupanda. Alipanda Jumatano baada ya kazi, na Jumapili. Mara mbili za kwanza Maman Eulalie alikaa na simu upande wake wa meza. Mara ya tatu, mikono yake ikiwa kwenye mboga za lenga-lenga, akamsukumia simu kwa kiwiko, akasema amwogeshe. Rosette akamtia Nabintu majini bila kumvua kofia yake. Alikaripiwa mpaka akajisikia ana miaka kumi, na alirudi Nyalukemba akiwa mwepesi kama mtu aliyeungama.

Chama nacho hakikufa, maana vyama vya Bukavu havifi, vinagawanyika. Waliokuwa wakidai mnyama yule alikuwa paka walimfuata Ezéchiel; waliosema kifaranga walibaki na Edouard, wakatoa tamko la kulaani paka. Kila upande ukamwandikia Maman Eulalie kumwalika awe mgeni rasmi wa mkutano wake mkuu, Jumamosi ile ile, saa ile ile. Rosette ndiye aliyemsomea mialiko yote miwili.

Mama yake akasikiliza mpaka mwisho, akauliza kama hao watu hawana salongo kule kwao, maana huku Jumamosi ni siku ya kusafisha mitaro, na ule wa mbele ya nyumba ulikuwa umejaa tena. Kisha akampa Rosette pauro ya kuzolea matope.